Tabaga za Bombo

Dada yangu alinitangulia kuzaliwa na akanitangulia kuolewa, lakini katika kusuka nilimshinda. Hilo lilijulikana Kibra nzima. Mama alitufundisha sote wawili barazani, kila mmoja na sindano yake na fungu lake la ukindu. Mshono wa dada ulikuwa umelegea, unapitisha kidole. Mama aliufumua wote akamwambia aanze upya. Wangu aliugeuza huku na huku, akauvuta kwa kucha, akaona haufumuki, akainuka kwenda kuwaonyesha majirani. Dada alibaki amenikazia macho mpaka mama aliporudi.

Tabaga ni kawa ya kufunikia chakula, pana, ya mviringo, na kwetu Wanubi nyumba isiyo na tabaga ukutani ni nyumba ya mtu aliyehamia jana. Bibi zetu walikuja na kazi hiyo kutoka Sudan, wakifuatana na waume zao askari. Baba alipostaafu jeshini akapewa mahali pa kujenga katika msitu wa Kibra, mama alifika na watoto wawili wa kike, ng'ombe mmoja na mzigo wa tabaga kichwani.

Dada aliposwa na mtoto wa askari aliyetumikia pamoja na baba. Watu hao walikuwa Bombo, huko Uganda, Wanubi kama sisi. Siku walipomchukua, safari ilikuwa ya treni hadi Kisumu, kisha meli ya ziwani, kisha gari. Mama alilia mpaka sauti ikakauka. Mimi ndiye niliyemfuta machozi, na nikiwa namfuta nilijua kwamba kuanzia siku ile binti wa nyumba ni mimi. Mwaka uliofuata niliolewa na kijana wa hapo hapo Kibra aliyekuwa na ng'ombe wa maziwa, nikahamia nyumba ambayo ukisimama mlangoni unamwona mama akiota jua. Sikuwa na haja ya kitu kingine.

Tabaga zangu zilikuwa na rangi. Wengine walisuka kwa nyekundu na nyeusi tu, lakini mimi nilitia zambarau, kijani, na manjano kali, na katikati nilianza na nyota ambayo hakuna aliyeweza kuiiga bila kuja kuniuliza. Rangi zilikuwa za unga, zinakuja kwenye vikopo kutoka ng'ambo, nazinunua kwa Mhindi mmoja mwenye duka mjini, karibu na soko. Huyo huyo ndiye aliyekuwa akinunua tabaga zangu. Alizitundika mlangoni, na wake wa Wazungu walipopita na miavuli yao walisimama kuzitazama. Kila nilipolalamika kwamba bei ya vikopo imepanda alinijibu neno moja, ushuru, akinyoosha mkono upande wa Mombasa kana kwamba ushuru ni mtu anayekaa kule. Ukindu nao nilinunua kwa akina mama wa Kikamba walioutoa mbali. Kwa hiyo tabaga yangu haikuwa rahisi. Lakini ilikuwa peke yake, na mwenye kuitaka alilipa.

Mambo yalibadilika reli ilipofika Kampala. Hakukuwa tena na haja ya meli. Mtu aliweza kupanda gari moshi Kampala akashuka Nairobi amekaa benchi lile lile. Haukupita muda mrefu, salamu zikaja kwamba dada anakuja kututembelea.

Nilikwenda stesheni kumpokea. Alishuka kutoka behewa la watu weusi akiwa amejitanda vazi jipya la gurbaba, amenenepa, uso unang'aa mafuta. Tulikumbatiana. Nyuma yake wachukuzi walianza kushusha mizigo iliyofungwa kwa magunia, mmoja baada ya mwingine, na mimi nikafikiri moyoni, jamani, dada amemletea mama zawadi nyingi hivi? Nilishika kona ya gunia, nikahisi ukingo wa mviringo. Nikapitisha kidole kwenye tundu.

"Ni tabaga hizi?" nikamuuliza.

"Ni tabaga," akasema. "Za akina mama wa Bombo. Nimekuja kuziuza."

Alisema kama mtu anayesema amekuja kunywa maji. Mizigo ilisogezwa mbele ya karani, mtu mzima wa Pwani mwenye kofia ya kazi, naye akaitazama kwa nje tu, akaipiga chaki, ikapita. Sikuvumilia. Nikamsogelea.

"Samahani, bwana. Vitu hivi vimetoka Uganda. Havitozwi ushuru?"

"Ni vitu gani, mama?"

"Vya kusuka."

"Vimesukwa huko huko Uganda?"

"Ndiyo."

"Basi havina ushuru. Kinachotoka ng'ambo kinatozwa Mombasa mara moja, kikishatozwa kinaweza kwenda Nairobi, kinaweza kwenda Kampala. Kilichotengenezwa humu ndani kinapita tu. Forodha yetu na ya Uganda ni moja."

"Lakini Uganda ni nchi nyingine."

"Ina gavana wake, ndiyo. Lakini kwa mambo ya ushuru, mama, Uganda ni hapa hapa."

Dada akacheka kwa sauti. "Umemsikia? Nimetoka hapa, nimekuja hapa." Akamuaga karani, akawaita wachukuzi, akatangulia kutoka nje, mimi nikimfuata kama niliyekuja naye kutoka safarini.

Njia nzima ya kurudi Kibra nilikuwa nikipiga hesabu kichwani. Rangi yangu inalipa ushuru. Tabaga yake hailipi. Mimi niliyekaa hapa tangu msitu haujakatwa, unga wangu unapitia mlango wenye bawabu, na yeye anaingia kwa mlango ulio wazi. Nani aliamua hivyo? Walikaa wapi wakaamua? Hakuna aliyekuja barazani kwetu kuniuliza.

Kesho yake alipofungua magunia nilizitazama moja moja nikitafuta ubaya. Zilikuwa za rangi tatu tu: nyeusi, kahawia, na rangi yake ukindu wenyewe. Kazi ilikuwa imara. Hiyo ndiyo iliyoniuma zaidi, kwamba ilikuwa imara, na kwamba hakuna hata moja aliyoisuka yeye.

"Wewe husuki?" nikamuuliza.

"Mimi mkono wangu unaujua," akasema. "Wanasuka wenzangu, mimi naleta."

Alizipeleka mjini. Sikumwambia duka langu ni lipi, lakini duka lenye tabaga mlangoni halihitaji kuelekezwa. Nilipokwenda baada ya siku chache na kazi yangu mkononi, nilikuta nyota zangu zimesogezwa ndani, karibu na mafuta ya taa, na mlangoni zimening'inia za Bombo.

"Umezificha zangu," nikamwambia mwenye duka.

"Sijaficha. Zako ni nzuri sana mama, na kwa uzuri ule zinangoja mtu wa kuja kuzinunua. Hizi hazingoji. Dada yako ananipa nne kwa bei yako wewe ya mbili."

"Rangi zake ni za matope."

"Ni kweli. Mzungu mmoja ameniambia hizo ndizo za Kiafrika hasa. Zako anauliza kama zimetoka Ulaya."

Nilirudi nyumbani na tabaga zangu kichwani, jua linaniangaza, na kila aliyekutana nami aliniambia, mashallah, rangi gani hizo. Nikawaitikia kwa kichwa tu.

Kulikuwa na mwanamke mmoja wa Kikuyu upande wa Kawangware aliyekuwa rafiki yangu. Shamba lao lilianza pale ukishateremka bonde, ukavuka mto na kupanda upande wa pili. Alilima viazi vitamu na nduma, na jioni alisuka vyondo kwa nyuzi za magome alizozisokota mapajani. Tulijuana kwa sababu ya kusuka. Mimi nilimpa vikopo vyangu vilivyobaki rangi chini, yeye akanipa viazi. Aliniita *mwari wa maitu*, maneno ya Kikuyu yenye maana ya binti wa mama yangu, na neno lile lilinipendeza kuliko mengi niliyoitwa, kwa kuwa hakuna aliyemlazimisha.

Nilikwenda kwake nikitaka kumlalamikia dada yangu. Nilifika nikamkuta dada yangu amekaa kwenye kigoda changu.

Sijui aliijuaje njia. Nadhani alimwuliza mume wangu, na mume wangu akamwambia tu, maana wanaume hawaoni hatari ya aina hiyo. Vyondo vyote vilikuwa vimetolewa nje, vimepangwa kwenye majani, na dada alikuwa akivuta kamba za kila kimoja kuona kama zitabeba mzigo.

"Dada yako amenieleza," rafiki yangu akaniambia kwa furaha. "Huko kwao wanabeba ndizi kwa makapu yanayopasuka. Anasema akifika na hivi havitalala dukani. Na njiani haviulizwi kitu."

"Uganda ni hapa hapa," nikasema.

"Ndivyo alivyoniambia!"

Dada alichagua, akafunga mzigo, wakakubaliana. Wakati wa kuondoka rafiki yangu alimshika dada mikono yote miwili akamwambia, "Nenda salama, *mwari wa maitu*."

Nilimtazama dada. Hakujua hata maana ya alichopewa. Alikipokea tu, kama alivyopokea kiti. Tulivuka mto, yeye mbele na vyondo, mimi nyuma mikono mitupu, na nilitamani ateleze. Hakuteleza.

Alikaa kwetu mpaka Idi. Siku ya Idi Kibra ilikuwa na desturi ya nyumba kupelekeana chakula, sinia juu ya kichwa, limefunikwa tabaga, na majirani wanaketi nje kuona nyumba ya nani imefunika kwa tabaga gani. Tangu dada aolewe, mama alifunika kwa yangu. Kila mwaka nilimsukia mpya. Mwaka ule niliisuka ya nyota saba, na zambarau yake niliitia mara mbili ili isififie. Nilimpelekea alfajiri.

Akaishika, akaniombea dua, akaitundika ukutani.

Mchana nilikuwa nje na wanawake wenzangu. Nikaona sinia la mama linakuja, limebebwa na mtoto wa jirani. Lilikuwa limefunikwa kwa nyeusi na kahawia. Wanawake wakasema, "Ya Bombo hiyo," na mmoja akaongeza kwamba inapendeza, imetulia machoni. Niliinuka nikaenda kwa mama.

"Mama, yangu ina kasoro gani?"

Alikuwa akipakua. Hakuacha kupakua. "Haina kasoro. Yako ninayo kila mwaka. Mwenzio amekuja leo."

"Hata hakuisuka yeye!"

"Ameileta yeye," mama akasema. "Kutoka kule mpaka hapa, ameileta."

Dada alikuwa nyuma ya nyumba akisuuza vyombo na alisikia yote. Alikuja akijifuta mikono, tukatoka nje pamoja, na hapo nilimtolea niliyokuwa nayo.

"Kwa nini huuzi kwenu? Bombo hakuna watu? Kampala hakuna maduka? Mpaka uje kuuza kwangu?"

"Kwetu ni wapi?" akaniuliza.

"Kwenu Bombo."

"Bombo ni kwa mume wangu. Kwetu ni hapa. Nilitiwa kwenye meli nina umri gani? Wewe umelala karibu na mama siku zote hizi. Akikohoa unamsikia. Mimi nikiota amekufa inanipasa kungoja barua. Sasa nimepata njia ya kuja kila mwaka kwa nauli yangu mwenyewe, bila kumwomba mume, kwa sababu ya hizo tabaga za matope unazozicheka. Na unaniambia nisije?"

"Sikusema usije. Nimesema usiuze."

"Nisipouza siji."

Sikulainika hata hivyo. Ukweli ni kwamba nilizidi kukasirika, kwa kuwa sasa hata uchungu wake ulikuwa mkubwa kuliko wangu. Akasema, si kwa ubaya, "Njoo wewe Bombo. Lete hizo nyota zako. Uone kama sisi tutakufungia mlango."

Nilikubali kwa nia yangu mwenyewe. Nilitaka kuona wanavyosuka kwa bei ile. Nilitaka kuikuta hila. Mume wangu aliuza ndama kunipa nauli, akidhani naenda kupatana na ndugu yangu, na nikamwacha adhani.

Safari ile naikumbuka kwa baridi ya milimani na moshi wa injini ulioingia machoni. Mzigo wangu niliukalia. Nilikuwa nimejitayarisha kwa karani mkali atakayeufungua pale mpakani, na nilishapanga maneno. Nikamwuliza mama mmoja tuliyekuwa naye, "Uganda bado mbali?" Akasema, "Tumeshaingia, wewe ulikuwa unasinzia." Nilichungulia nje. Ardhi ilikuwa ile ile, ila migomba imezidi. Hakuna aliyeniuliza nimebeba nini. Nilifurahi, halafu nikachukia kwamba nimefurahi, maana sheria ile ile niliyoilaani ndiyo ilikuwa imenivusha.

Bombo sikukuta hila. Nilikuta bwawa nyuma ya nyumba, na ukindu umeota pembeni yake mwingi kama nyasi. Wanawake waliukata bure. Rangi nyeusi waliipata kwa kuufukia ukindu kwenye tope la bwawa na kuuchemsha na majani, na kahawia ilitoka kwenye gome la mti. Hakuna kopo hata moja. Walikaa baraza nzima wakisuka na kucheka, watoto wanatambaa katikati, na dada alipita kati yao na birika la chai. Yule dada yangu mwenye mshono uliolegea alichukua tabaga ya mtu, akaivuta kwa kucha, akaona inaachia, akaifumua mbele ya mwenyewe akamwambia aanze upya. Mkono ule ulikuwa wa mama. Nilikuwa nimekaa na mama miaka yote na mkono wake haukunijia mimi. Mimi nilipata sindano yake tu.

Siku ya tatu kukawa na matayarisho ya harusi kwa jirani. Mama wa bibi harusi alikuja kutazama tabaga za kufunikia vyakula vya wageni, na dada akamtandikia zake. Halafu, kwa kuwa alikuwa ameahidi, akaniambia nifungue zangu.

Nilifungua. Wote wakaongea kwa pamoja. Mama wa bibi harusi aliziweka kando za Bombo alizokwisha kuzichagua, akachukua ya zambarau, akachukua ya manjano, akauliza kama ninazo nyingine. Bibi harusi mwenyewe aliitwa. Wanawake wa dada, wale wale waliokuwa wakimsukia, waliacha sindano zao wakaja kugusa nyota zangu na kuniuliza nimeanzaje pale katikati.

"Huyu ndiye mdogo wako wa Kibra?" mmoja akamwuliza dada. "Hukutuambia ni fundi namna hii."

Nilimtazama dada usoni. Alikuwa anatabasamu kwa midomo, na macho yake yametulia kwenye zile tabaga zilizowekwa kando. Uso ule niliufahamu. Nilikuwa nimeuvaa mimi Nairobi, mlangoni kwa Mhindi. Sitasema nilimwonea huruma. Niliketi vizuri, nikawaeleza wanawake wale jinsi ya kuanza nyota, polepole, ili muda ule uwe mrefu.

Jioni tulipokuwa tukimenya ndizi, dada ndiye aliyeanza.

"Za kwako zitanunuliwa huku kila harusi."

"Na zako zinanunuliwa kule kila siku."

"Wewe ukindu unanunua?"

"Nanunua."

"Huku unaota bure. Nitakuletea mzigo, nami nichukue za nyota nilete huku. Tugawane."

"Kugawana vipi?"

Hapo tuligombana mpaka ndizi zikaiva. Yeye alisema mwenye safari ndiye anayechoka. Mimi nikasema mwenye mkono ndiye anayetafutwa. Mwishowe tulikubaliana, kila mmoja akiamini mwenzake amempunja, na nadhani makubaliano yale yalidumu kwa sababu hiyo.

Yalidumu kweli. Kila mwaka alikuja na ukindu na tabaga za matope, akaondoka na nyota zangu na vyondo vya Kawangware. Watoto wangu walivaa viatu. Rafiki yangu wa Kikuyu alijenga nyumba yenye paa la mabati, akamshukuru dada kuliko alivyonishukuru mimi niliyemjua kwanza, na mimi niliihesabu kila shukrani. Kibra watu walitusifu, wakasema hawa ni ndugu wanaopendana. Tulipendana. Lakini akinunua gurbaba, mimi nilitaka kulijua limetoka wapi, na yeye akifika kwangu kitu cha kwanza alichofanya ni kupiga jicho ndani kuona kimeongezeka nini.

Vita vya Wazungu vilipokuja mara ya pili, vikopo vya rangi vilipotea madukani. Mwenye duka alinyoosha mkono upande wa Mombasa na safari hii hakusema ushuru, alisema meli hazifiki. Nyota zangu zilikwisha. Matope ya Bombo hayakuhitaji meli. Treni zilijaa askari, lakini dada alijibana humo humo akafika, na safari moja aliniletea mafungu ya ukindu mweusi, uliokwisha kutiwa rangi, akayaweka mapajani pangu.

"Sukia huu," akasema. "Nyota nyeusi nayo ni nyota."

Nilisuka. Zilitoka nzuri, na zilinunuliwa, na kila mtu aliyezisifu alisema, "Ukindu huu mzuri mno, umetoka wapi?"

Mama aliugua baada ya vita kwisha. Alianza kwa miguu kuvimba, kisha akawa halali vizuri, kisha akawa hatoki kitandani. Nilihamia kwake. Nilimwosha, nilimlisha uji kwa kijiko, nilimgeuza ubavu. Telegramu ilipelekwa Bombo. Asubuhi moja aliamka amechangamka, macho meupe, akaomba aketishwe. Nilimwegemeza kifuani pangu. Akainua mkono akanipapasa shavu, na akaniita kwa jina la dada yangu.

"Umekuja?" akasema.

Mume wangu alikuwa mlangoni na maziwa. Alinitazama.

"Nimekuja, mama," nikamwambia.

"Treni ilikuwa imejaa?"

"Ilikuwa imejaa."

"Pole, mwanangu. Mbali sana kule." Akafumba macho, ameridhika, mkono wake bado shavuni pangu. Hakuniulizia mimi. Nadhani hakuona haja, kwa kuwa siku zote nilikuwapo. Alifariki siku ile ile adhuhuri, na kabla ya jua kuchwa tulikuwa tumeshamzika, kama dini inavyotaka.

Dada alifika keshokutwa yake. Aliingia na vumbi lake, hana mzigo wowote, mara ya kwanza kumwona hana mzigo. Wanawake walimpisha. Alikaa juu ya kitanda kitupu cha mama, na walipotuacha wawili akaniuliza, "Alinitaja?"

Nilikuwa nalo jibu mkononi. Ningeweza kulikunja nikalitia kifuani, na hakuna ambaye angejua isipokuwa mume wangu, naye si msemaji.

"Alikutaja," nikasema. "Alikutaja wewe tu. Alidhani mimi ndiye wewe. Akakupa pole ya safari."

Dada aliangua kilio cha ajabu, akanishika magoti, akilia na kushukuru kwa pamoja, na majirani wakarudi mbio. Nilimshikilia. Nilimwonea wivu hata kwa kilio kile, kwa kuwa mimi sikuwa nimelia bado. Nilikuwa nimeshughulika na maji, na sanda, na chakula cha waombolezaji.

Alikaa mpaka arobaini ikapita. Siku ya kuondoka tulikwenda stesheni pamoja. Sikuwa nimesuka kitu miezi ile, naye hakuuliza. Treni ilipofika alipanda, akaketi, akainama nje dirishani.

"Mwaka ujao nitafikia wapi?" akaniuliza. "Mama hayupo."

Sikuwa nimelifikiria hilo. Nilikuwa nimezoea kumwona akija kwa mama, na mimi nikipata kilichobaki.

"Utafikia kwangu," nikamwambia. "Utafikia wapi tena?"

"Basi sogeza kitanda mbali na jiko. Kwako moshi mwingi."

"Kwangu hakuna moshi. Ni wewe macho yako."

Tulibishana kuhusu moshi mpaka filimbi ikapigwa.